Rangi inabanduka ukutani? Kabla hujamgombeza fundi rangi, soma hapa

Kuna mama mmoja wa Kigamboni alituita tukaangalie sebule yake. Nyumba haina hata miaka miwili, tofali za bloku inchi 6, skimu (lile tabaka laini la mwisho juu ya lipu) imenyooka safi, ila kuanzia sakafuni mpaka juu kidogo ya mgongo wa sofa rangi imevimba kama chapati, ukigusa inadondoka na nyuma yake kuna unga mweupe. Kashapaka mara tatu na kampuni ya rangi kashabadilisha. Nikamwambia mama rangi haina kosa, hebu tuzunguke nje.

Nje wamepanga pevingi nzuri kabisa, shida ni kwamba chini yake walijaza kifusi kikapanda mpaka juu ya ile nailoni inayolazwa juu ya msingi kuzuia maji. Sasa tofali ya saruji ina vitundu vidogo mno, inanyonya maji ya ardhini kama utambi unavyonyonya mafuta ya taa, maji yakifika upande wa ndani yanakauka na kuiacha chumvi, chumvi inajikusanya nyuma ya rangi mpaka inaisukuma. Huo unga ukiuona usiuoshe na maji, utayeyuka urudi ndani ukutani, ufagie na brashi kavu.

Chumvi nyingine tunailipia wenyewe. Sisi wa pwani tunajua mchanga wa baharini unauzwa kwa bei ya kutupa, alafu lipu yake inavuta unyevu mpaka wa hewani, kila mvua zikianza ukuta unatoa jasho. Nunua mchanga wa mtoni au wa kuchimba, na kabla gari halijamwaga chukua chupa ya maji inayoonyesha ndani, weka mchanga kimo cha sentimita 10, jaza maji, tikisa sana, iache itulie masaa matatu hivi. Tope litakaa juu ya mchanga. Likikaribia sentimita moja mrudishie mwenye gari mchanga wake, maana lipu yenye tope inapasuka pasuka kama udongo wa bwawa lililokauka.

Kwenye kuchanganya ndo wizi na ubahili vinapokutana. Mfuko wa saruji wa kilo 50 una ujazo wa karibu lita 35, yaani ndoo moja ya lita 20 na robo tatu yake, kwahiyo lipu ya ndani ya moja kwa tano (saruji moja, mchanga tano) ni ndoo 9 za mchanga kwa mfuko, kumi na nusu ukienda moja kwa sita. Fundi akikuhesabia matoroli muulize ni toroli la kufuta (lililosawazishwa juu) au la kichuguu! Na changanya kinachoisha ndani ya saa moja na nusu hivi, mchanganyiko ulioanza kushika ukiongezewa maji unalainika kweli ila nguvu haurudishi.

Ukuta ulowanishwe kabla, ulowane tu usitiririke, la sivyo bloku inakunywa maji ya lipu na lipu inakaa juu yake kama ngozi isiyoshika nyama. Unene milimita 12 mpaka 15 unatosha. Ukuta ukiwa umepinda na fundi anataka kuunyoosha na lipu nene, apige mara mbili, ya kwanza aikwaruze. Pale nguzo ya zege inapokutana na tofali, na pale mlipochimba kupitisha paipu za umeme, weka wavu wa kuku kwanza, sehemu hizo ndo nyufa huanzia.

Alafu mwagilia siku 7. Najua, maji ya boza ni hela na fundi ashahamia saiti nyingine, lakini saruji inapata nguvu ikiwa na maji, ikikaushwa na jua la Januari inabaki mchanga unaopukutika ukipitisha kiganja.

Baada ya hapo ni kusubiri, na hapa ndo watu wengi wanashindwa. Fundi atakwambia "bosi lipu imeshakauka hii, kesho tunapiga skimu". Imekauka juu. Bandika kipande cha nailoni cha nusu mita na tepu pande zote nne, kiache usiku kucha, asubuhi ukikuta matone kwa ndani bado. Kwa kawaida hesabu siku 28, masika zaidi. Lipu mbichi ina ukali unaokaribia wa chokaa, ukiipaka rangi ya mafuta inageuka kitu cha kunata kama sabuni.

Skimu ya jipsamu ni nzuri kwa sebule na vyumba vilivyo vikavu. Bafuni, jikoni nyuma ya sinki, na ukuta wowote unaopandisha maji tumia puti ya saruji nyeupe, sababu jipsamu ikilowa inalegea. Na usichanganye unga wa jipsamu na saruji eti iwe ngumu zaidi, vikipata unyevu vinapigana, vinavimba.

Ule ukuta wa Kigamboni ilibidi pevingi ing'olewe na kifusi kishushwe sentimita 15 chini ya nailoni, ndani tukabandua lipu mpaka kwenye tofali kimo cha mita moja na kuiacha wazi kiangazi chote, mama sofa zake kazisogeza katikati ya sebule na kila asubuhi anafagia unga mweupe, siku baada ya siku unapungua.