Doge wa Venice: mkuu wa dola asiyeruhusiwa kufungua barua

Ukiona picha za Doge wa Venice, na joho lake la dhahabu na kofia yenye ncha kwa nyuma, utadhani alikuwa mfalme. Nimesomesha historia ya dola za bahari za Italia kwa muda mrefu, na jambo ninalotaka wanafunzi walishike mapema ni hili: kadiri alivyopambwa ndivyo alivyobanwa.

Alianza kubanwa kwenye uchaguzi. Kuanzia 1268, Baraza Kuu, yaani mkutano mkuu wa mabwana wa mji, lilipata watu 30 kwa bahati nasibu, wakachujwa wakabaki 9. Hao 9 wakachagua 40, nao wakachujwa hadi 12, na mzunguko ukaendelea hivyo mpaka wakapatikana 41 wa mwisho. Doge alihitaji kura 25 kati ya hizo 41. Utaratibu ulichosha, lakini ulikuwa na maana: nani angejua amhonge nani?

Akishachaguliwa alikula kiapo kilichoitwa promissione, na kila Doge alipokufa tume ilikaa kukipitia upya ili anayefuata abanwe zaidi. Barua za wafalme wa nje hakuzifungua bila washauri wake kuwapo. Kutoka mjini mpaka apewe ruhusa. Hata akifa, wakaguzi walichunguza utawala wake, na warithi wangeweza kulipishwa faini.

Doge Francesco Foscari alikuonja kubanwa huko. Alichaguliwa 1423, akatawala miaka 34, muda ambao hakuna Doge mwingine aliyeufikia. Mwanawe Jacopo alishtakiwa kupokea zawadi za watawala wa nje, akateswa, na mwishowe akapelekwa uhamishoni Krete, alikofia mapema 1457. Baba yake, mkuu wa dola, hakuwa na mamlaka ya kumwokoa. Naisoma habari hii kila mwaka na bado inaniuma.

Mzee akavunjika moyo, akaacha kuhudhuria vikao. Oktoba mwaka huohuo Baraza la Watu Kumi, chombo kilicholinda usalama wa dola, likamlazimisha ajiuzulu, ingawa cheo kilikuwa cha maisha. Pete yake ya udoge ikavunjwa. Siku chache baadaye, tarehe 1 Novemba, akafariki. Serikali ikataka kumzika kwa heshima kamili za Doge. Mjane wake, Marina Nani, akapinga, akasema atamzika mwenyewe kwa mali yake. Hawakumsikiliza. Foscari alizikwa akiwa amevishwa mavazi ya cheo walichokuwa wamemvua.