Mtoto Analia, Kamera Inasogea: Kwa Nini Ruhusa ya Mzazi Peke Yake Haitoshi

Ndugu zangu, malalamiko yanayotufikia sisi tunaotoa vibali vya filamu na kuziwekea alama za umri, kuhusu watoto kwenye filamu na kwenye video za mitandaoni yameongezeka sana siku hizi, na karibu kila shauri linafika mahali mtu anasema sentensi ileile, "mbona mzazi mwenyewe karuhusu". Nimeona nikae niandike kwa kirefu. Ieleweke mapema kwamba hii ni elimu kwa umma, siyo ushauri wa kisheria wala uamuzi juu ya shauri lolote lililopo mezani kwetu, na sheria za nchi zinatofautiana, kwa hiyo kabla hujachukua hatua ulizia kwa mamlaka inayokuhusu wewe.

Nianze na klipu moja. Sisemi ni ya nani. Mtoto wa kike wa miaka kama minne amekaa sakafuni, sauti ya mtu mzima inamwambia mdoli wake umetupwa na gari la taka limeshaondoka nao. Mtoto kwanza anacheka, anajua ni utani, halafu anainua macho kumwangalia anayeongea, unaona kabisa anatafuta dalili usoni kwake, haipati, na mdomo wa chini unaanza kutetemeka. Hapo ndipo simu inasogezwa karibu. Uso wake unajaa skrini nzima anaita mama, na mama ndiye aliyeshika simu. Klipu hiyo nimeirudia mara nyingi kikazi na kila mara kinachonibakia ni mkono, maana mtoto ananyoosha mkono ili abebwe, na vidole vinaishia kwenye simu.

Tulipoongea na mzazi alisema hakuna ubaya, mdoli alimrudishia palepale, na watu walifurahi. Namwamini kwamba hakuwa na nia mbaya, wazazi wengi tunaokaa nao wanawapenda watoto wao na hilo sina shaka nalo. Lakini kuna tofauti kati ya mtoto anayeigiza kulia na mtoto anayelizwa, na hiyo tofauti ndiyo kazi yetu yote.

Watu wa filamu waliijua hii ishu zamani. Mwaka 1931 kulikuwa na filamu ya Marekani inaitwa Skippy, Jackie Cooper alikuwa bado mtoto na ilibidi alie mbele ya kamera, machozi hayaji, dairekta Norman Taurog, ambaye alikuwa mume wa dada yake mama yake Jackie, yaani mtu wa nyumbani kabisa, akamtishia kwamba mbwa wake atapigwa risasi. Machozi yakaja. Filamu ikapongezwa, Taurog akapata Oscar ya udairekta na mtoto mwenyewe akapendekezwa kwa Oscar ya mwigizaji bora akiwa na miaka 9. Sasa angalia huyo mtoto alipokuwa mtu mzima, mwaka 1981, alipotoa kitabu cha maisha yake, jina aliloliweka juu ya jalada ni maneno ya kumwombea mbwa wake asipigwe risasi. Miaka hamsini ilikuwa imepita. Kwa hiyo mtu akiniambia "mtoto atasahau tu, ni mdogo", samahani, hilo sikubaliani nalo na naomba tuliache kulisema.

Linganisha na The Shining ya mwaka 1980, filamu ya kutisha kweli, ndani yake kuna mtoto Danny Lloyd ambaye wakati wa kurekodi alilindwa asijue kwamba ni filamu ya kutisha, na mwenyewe alikuja kuyasema haya alipokua. Mtazamaji anaogopa, mtoto haogopi, na ndivyo inavyotakiwa. Filamu ina vipande, mtu mzima anapiga kelele asubuhi mtoto akiwa hayupo hata seti, uso wa mtoto unarekodiwa jioni akiwa anasikiliza hadithi, mhariri anaviunganisha na wewe nyumbani unaona mtoto anafokewa. Kuna midoli ya kubeba badala ya mtoto, kuna kupiga picha ya mgongo, kuna sauti inayowekwa baadaye. Dairekta anayesema "hakukuwa na njia nyingine" mara nyingi ni kwamba muda au pesa ilimwishia, na hilo si kosa la mtoto.

Tuje kwenye kibali, maana hapa ndipo mkanganyiko ulipo. Ruhusa ya mzazi ni ya lazima, ila ni mlango wa kwanza tu. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Mtoto wa mwaka 1989, kifungu cha 3, unasema maslahi bora ya mtoto yazingatiwe kwanza, kifungu cha 12 kinampa mtoto haki ya kusikilizwa kwenye mambo yanayomhusu kulingana na umri na ukomavu wake, na kifungu cha 16 kinamlinda faragha yake. Mwaka 2021 Kamati ya Haki za Mtoto ya Umoja wa Mataifa ikatoa maelezo ya jumla namba 25 kufafanua kwamba haki hizi zinamfuata mtoto hadi mtandaoni. Upande wa kazi, Mkataba wa Shirika la Kazi Duniani (ILO) namba 138 wa mwaka 1973, kifungu cha 8, unaruhusu mtoto aliye chini ya umri wa kufanya kazi ashiriki maonyesho ya sanaa, ila kwa kibali cha kila mtu na kila kazi peke yake, na kibali chenyewe kiseme mwisho wa idadi ya saa za kazi na masharti yake. Hakuna kibali cha jumla. Hakuna "mwaka jana nilipewa". Naandika hivi kwa msisitizo kwa sababu maprodyuza wanaleta kopi ya kibali cha zamani imebadilishwa jina la filamu, na hilo siyo tena suala la elimu, hilo ni kughushi.

Tukipokea ombi tunaangalia nini? Skripti nzima, siyo kurasa za mtoto peke yake, kwa sababu mtoto anaweza kuwa na mistari miwili safi kabisa katikati ya filamu ambayo itamfuata shuleni. Tunaangalia ratiba ya siku ya kurekodi na ratiba ya masomo tukiziweka sambamba, mapumziko, usafiri wa kurudi usiku, chumba cha kubadilishia nguo ambacho si cha watu wazima, na jina la mlezi atakayekuwepo seti muda wote. Mlezi asiwe mtu anayelipwa na prodyuza, maana anayelipwa na prodyuza hawezi kusema "mtoto kachoka, tuache". Kwa watoto wachanga wenzetu wa jimbo la California huko Marekani wameenda mbali, mtoto wa siku 15 mpaka miezi 6 anaruhusiwa kuwepo eneo la kazi saa 2 tu kwa siku, na katika hizo kazi yenyewe haizidi dakika 20, na taa kali isimmulike zaidi ya sekunde 30 kwa mara moja. Ndiyo maana unaona filamu zinatumia mapacha kwa nafasi moja, wanapokezana.

Halafu kuna pesa. Jackie Coogan aliigiza na Charlie Chaplin kwenye The Kid ya 1921, akawa mtoto maarufu kuliko wote, akaingiza mamilioni ya dola, alipofika utu uzima akakuta zimetumika karibu zote na mama yake na baba yake wa kambo. Akashtaki mwaka 1938, akaambulia sehemu ndogo sana. Mwaka uliofuata California ikatunga sheria inayoitwa kwa jina lake, na toka ilipofanyiwa marekebisho ikaanza kutumika hivyo mwaka 2000, asilimia 15 ya mapato ya mtoto inakatwa na mwajiri kwenda kwenye akaunti ambayo mzazi haigusi mpaka mtoto akue. Ila angalia pengo lililobaki kwa miaka mingi, sheria hiyo ilifikiria mtoto mwenye mwajiri, na mtoto wa kwenye chaneli ya familia mwajiri wake ni baba yake. Ufaransa ndio walioziba mapema kwa sheria ya Oktoba 2020 inayohusu watoto chini ya miaka 16 kwenye video za mitandaoni. Ikifikia kiwango cha kazi, kibali kinatakiwa, sehemu ya mapato inawekwa akiba kwa jina la mtoto mpaka afikie utu uzima, na mtoto mwenyewe anaweza kuomba video zake ziondolewe. Anayemwajiri mtoto bila kibali huko adhabu inaweza kufika miaka 5 jela na faini ya euro 75,000. Illinois huko Marekani nao sheria yao ya mapato ya watoto wa kwenye vlogi, yaani video za maisha ya kila siku zinazowekwa mitandaoni, ikaanza kufanya kazi tarehe 1 Julai 2024. Watu wanatuuliza kama tunawaonea wivu wenye mafolowa wengi. Hapana. Tunauliza akaunti ya mtoto iko wapi.

Mpaka hapa nimeongelea mtoto anayerekodiwa, lakini kuna picha tunayoijenga kichwani mwa watazamaji kuhusu utoto wenyewe, na hii haina fomu wala faini. Mtoto yupo kwenye sinema tangu siku ya kwanza, maonyesho ya kina Lumière, ndugu wawili Wafaransa walioanzisha sinema, pale Paris tarehe 28 Desemba 1895 yalikuwa na kipande cha mtoto wa Auguste Lumière akilishwa na wazazi wake mezani. Kipande kifupi tu, mtoto anakula, basi. Hachekeshi mtu, haombewi mchango. Tangu hapo tumempa kazi nyingi sana, mara awe malaika anayewapatanisha wazazi, mara awe shetani wa filamu za kutisha, mara awe kichekesho kinachoongea kama mzee, na mara nyingi mno awe yatima mwenye nzi usoni kwenye tangazo la kuchangisha.

Hiyo ya mwisho inanigusa zaidi. Chukua picha kumi za matangazo ya misaada uangalie kamera ilikuwa urefu gani. Nyingi imepigwa kutoka juu, mpiga picha amesimama na mtoto anaangalia juu, kwa hiyo hata kabla hujasoma neno lolote umeshaambiwa nani mkubwa na nani wa kuhurumiwa. Jina la mtoto hakuna. Mpiga picha akipiga goti kamera ikawa usawa wa macho ya mtoto, picha ileile inabadilika, unaona anaangalia nini, ameshika nini, nani yuko nyuma yake, na mara nyingi nyuma yake kuna mama au kaka ambaye kwenye picha ya kwanza alikatwa makusudi ili mtoto aonekane hana mtu. Kumkata mama yake ili tulie ni uongo, hata kama pesa ilikwenda kujenga kisima.

Na tafadhali, filamu yenye mtoto siyo filamu ya watoto. Tukiweka alama ya umri wa 16 kwenye filamu ambayo mhusika mkuu ana miaka 8 tunapigiwa simu tunaambiwa hatujaiangalia. Tumeiangalia, yote. Alama inamhusu anayekaa kutazama.

Ukiona kitu kinachokutia wasiwasi leta malalamiko, ila yalete vizuri. Tunahitaji linki yenyewe, tarehe uliyoiona, dakika na sekunde ya sehemu husika, na maelezo yako mafupi. "Ile video ya yule mtoto" hatuwezi kuifanyia kazi. Usiiposti tena ukiandika "jamani angalieni ukatili huu", kwa sababu umeisambaza zaidi ya aliyeianzisha, na ukiziba uso huku jina la shule linasomeka kwenye sweta hujaficha kitu. Na hili lisikilizwe kwa makini zaidi: kama picha au video ina maudhui ya kingono yanayohusu mtoto, usiipige skrinishoti, usiisevu, usimtumie mtu yeyote hata sisi, hata kama nia ni kusaidia, kwa sababu nchi nyingi kuwa nayo au kuisambaza ni kosa la jinai lenyewe kama lilivyo na nia yako haikuokoi. Chukua linki tu, ripoti kwa polisi na kwenye kitufe cha ripoti cha mtandao husika, halafu iache.

Malalamiko yakifika tunayaandikisha yanapewa namba, tunaangalia, aliyeweka video anaandikiwa na kupewa nafasi ya kujieleza, kisha uamuzi unatoka, iondolewe, ihaririwe au ibaki, na pale panapoonekana kuna kosa la jinai faili linatoka kwetu linakwenda kwa wapelelezi. Watu wanataka iwe siku hiyohiyo. Nawaelewa, ila tukifuta bila kumsikiliza mtu uamuzi unavunjwa kwenye rufaa na video inarudi.

Yule mtoto wa mdoli ameshakuwa mkubwa sasa. Safari hii mama yake ndiye aliyekuja kuomba iondolewe, wenzake darasani wanamwigiza anavyolia, na kopi zake ziko kwenye kurasa za watu ambao yeye hawajui hata mmoja. Fomu yetu ina sehemu ya maoni ya mtoto, watu wengi wanairuka, nikamwomba mama atoke kidogo na afisa ustawi wa jamii akabaki na sisi. Mtoto akauliza kama zote zitafutwa. Nikamwambia tutajaribu zile anazotaka yeye. Akafikiria kidogo, akasema ya mdoli itoke na ya kuogopa radi itoke, lakini ile ya baiskeli ibaki, kwa sababu pale alikuwa anajua kwamba anarekodiwa. Tukaandika hivyohivyo kwenye fomu, kwa maneno yake.