Kiumbe wa fuwele anayekula mtetemo angekufa njaa

Kila msimu wa ziara za shule hapa kwenye kitengo chetu cha miamba na madini lazima atokee mtoto mmoja aulize lile swali, eti kiumbe wa fuwele anayekula mtetemo anaweza kuwepo, na safari hii aliyeuliza alikuja kabisa na daftari amechora: kiumbe mwenye mwili wa fuwele tupu, hana mdomo wala tumbo, anaishi kwenye ufa wa mwamba na chakula chake ni mtetemo. Radi ikipiga anashiba, ngoma zikilia kijijini anashiba, watu wakinyamaza anasinzia. Wenzake walicheka, mimi nikamwomba lile daftari nibaki nalo siku mbili maana lile ni swali zito, na kuna watu wazima wanauziwa vitu kwa hadithi hiyohiyo.

Kwanza kuna alichopatia. Fuwele ni kitu ambacho chembe zake zimejipanga kwa mpangilio mmoja unaojirudia kila upande, chumvi ya jikoni ni fuwele, sukari ni fuwele, na yale mawe meupe ambayo wachimbaji wa dhahabu Kanda ya Ziwa wanayapasua kila siku ni kwatzi, nayo ni fuwele. Mwaka 1880 kule Paris ndugu wawili, Jacques na Pierre Curie, waligundua kwamba ukiikandamiza kwatzi inatoa umeme kidogo kwenye nyuso zake, na mwaka uliofuata wakathibitisha na kinyume chake, ukiipa umeme yenyewe inajikunja kidogo sana. Zile laita za jiko la gesi zisizo na betri, unabonyeza inalia ta! cheche inaruka, ndani kuna kinyundo kinagonga kipande cha seramiki chenye tabia hiyohiyo. Na saa ya ukutani iliyoandikwa QUARTZ ina kwatzi ndogo inayotetemeka mara 32,768 kwa sekunde, ila hapa wengi wanachanganya, kwatzi hailishi saa, betri ndo inayoilisha kwatzi ili itetemeke na kuhesabia saa sekunde zake.

Kwa hiyo mtetemo unaweza kugeuka umeme ndani ya fuwele, hilo ni kweli kabisa. Tatizo linakuja kwenye kiasi. Jua la saa sita mchana linamwaga karibu wati 1,000 kwenye kila mita moja ya mraba, wakati sauti za watu wanaoongea kawaida zinaleta kama sehemu moja ya milioni ya wati kwenye eneo hilohilo. Jua limezidi mara bilioni moja! Tuseme una ubao wa mita moja ya mraba unaonasa kila tone la nishati ya maongezi bila kupoteza hata kidogo, kuchaji simu moja ya kawaida ijae kungechukua zaidi ya miaka 1,500, na watu wasinyamaze hata usiku. Mpeleke huyo kiumbe akae karibu na mashine ya kusaga yenye kelele za kukufanya upige makelele ndo usikike, bado atapata pungufu ya jani la mhogo linalopigwa na jua mara laki moja hivi. Angekufa njaa.

Ndo maana nasikitika sana nikiona bangili za mawe zinauzwa eti zinavuta mtetemo na kuulisha mwili nguvu. Mama mmoja alikuja nayo mkononi akaniuliza kama sasa anaweza kupumzika dawa za presha. Nilimwambia hapana mama, jiwe ni zuri, livae kwa uzuri wake, dawa usiache hata siku moja bila daktari wako kusema.

Lakini viumbe wenye fuwele ndani yao wapo, na wewe unayesoma ni mmoja wao. Ndani kabisa ya sikio lako kuna vifuwele vidogo vya kalsiamu kaboneti, aina ileile ya kemikali iliyoko kwenye mawe ya chokaa na ganda la yai, vimelala juu ya utando laini wenye vinywele, ukiinama au basi likianza kuondoka vinaserereka kidogo na ubongo unajua umesogea. Wakati mwingine vinachomoka vinaingia kwenye mifereji ya sikio, basi ukijigeuza kitandani nyumba nzima inazunguka kwa sekunde chache, na mtu anadhani ni presha au malaria kumbe ni vifuwele vimepotea njia, daktari wa masikio anaweza kuvirudisha kwa kukugeuzageuza kichwa kwa mpangilio maalum bila hata kidonge. Samaki naye anayo ya kwake, makubwa zaidi, pasua kichwa cha sangara taratibu utayakuta mawe meupe, wataalamu wa uvuvi wanayakata wanasoma miviringo yake kukadiria umri. Mwilini fuwele na mtetemo vimekutana kweli, ila kwa ajili ya kupata habari, chakula kinatoka kwingine.

Sasa ule ufa wa mwamba. Kwenye mgodi wa dhahabu wa Mponeng, Afrika Kusini, kilomita 2.8 chini, wanasayansi walikuta bakteria anaishi kwenye maji ya nyufa bila jua kabisa, mwaka 2008 wakatangaza kwamba karibu peke yake ndo jamii nzima ya pale. Anategemea hidrojeni inayotokea pale mionzi ya asili ya miamba inapopasua maji. Na maabara zimeonyesha kitu kingine ambacho mimi kinanikosesha usingizi: ukisaga mwamba wenye silika, yaani kitu kilekile kinachounda kwatzi, ndani ya maji, nyuso mpya zilizovunjika zinatoa hidrojeni pia. Yaani ardhi ikitetemeka na miamba ikasagana chini huko, chakula cha vijidudu kinaweza kutengenezwa palepale.

Daftari nimelirudisha na nimemwandikia pembeni: mchore mdogo sana asionekane kwa macho, mpe maji, fuwele mwachie moja ya kusikilizia, na mtetemeko wako usiufute, uhamishie kwenye mwamba unaomzunguka.