Kwa nini mtega mabomu wa New York hakuwahi kuhukumiwa?

Je, wajua kwamba mtu aliyetega mabomu 33 katika jiji la New York, kwenye vituo vya treni, majumba ya sinema na hata maktaba kuu, alikamatwa, akakiri, na bado hakuna mahakama iliyowahi kumtia hatiani? Hakutoroka, wala ushahidi haukupotea. Jaji alisema tu kwamba kesi haiwezi kuanza, kwa sababu mshtakiwa hakuwa na akili timamu ya kuyajibu mashtaka yake.

Wengi wakisikia habari ya namna hii hupandwa na hasira: kwa hiyo ukiua au ukilipua watu, kisha ukajifanya kichaa, yamekwisha? Ni swali la haki kabisa, na sijui kesi inayolijibu vizuri kuliko ya huyu bwana, George Metesky.

Metesky alizaliwa mwaka 1903 na makazi yake yalikuwa Waterbury, jimbo la Connecticut. Alikuwa fundi katika kituo cha kufua umeme cha Hell Gate, New York. Tarehe 5 Septemba 1931 gesi ya moto ilifumuka kutoka kwenye boila, akaivuta, akaanguka. Mapafu yakaharibika, ikaja nimonia, kisha kifua kikuu, ambacho yeye siku zote alisema chanzo chake ni ajali ile. Alilipwa posho ya ugonjwa kwa wiki 26, halafu kazi ikaisha. Alipodai fidia akaambiwa amechelewa kuwasilisha madai. Alikata rufaa mara tatu, ya mwisho mwaka 1936, zote zikagonga mwamba. Kampuni iliyomwajiri ikaja kumezwa na shirika kubwa la umeme la Consolidated Edison, na chuki yake yote ikahamia huko. Baadaye alidai kwamba aliandika barua zipatazo 900, kwa meya, kwa mkuu wa polisi, kwa magazeti, na hakuna aliyemjibu hata kwa mstari mmoja.

Bomu la kwanza lilikutwa Novemba 1940 kwenye kingo ya dirisha la jengo la shirika hilo, ndani ya kisanduku cha vifaa vya ufundi. Halikulipuka. Lilikuwa limezungushiwa karatasi yenye ujumbe wa kuwaita wakubwa wa shirika matapeli na kuwaambia kwamba hilo ni lao. Marekani ilipoingia vitani Desemba 1941, polisi walipokea barua ya herufi kubwa: mwandishi anaipenda nchi yake, hatatengeneza mabomu tena mpaka vita viishe, na baada ya hapo shirika litakiona. Saini ilikuwa F.P. Akaitimiza ahadi. Mabomu yalianza upya mwaka 1951, mara hii kwenye kumbi za umma. Alikuwa akichana kiti cha sinema kwa kisu, analificha bomu ndani ya sponji, anaondoka zake. Novemba 1954 moja lililipuka hivyo katika ukumbi wa Radio City, wenye watazamaji wapatao 6,200, likajeruhi watu wanne. Kiti kilimeza mshindo kiasi kwamba waliokaa mbali hawakujua kitu, na filamu ikaendelea hadi mwisho.

Kwa jumla mabomu 22 kati ya yale 33 yalilipuka, yakajeruhi watu 15. Kwamba hakufa mtu ni bahati tupu, hata kama mwenyewe alishikilia mpaka mwisho kwamba aliyaunda makusudi yasiue.

Kukamatwa kwake kumesimuliwa sana kwa ajili ya daktari wa magonjwa ya akili, James Brussel, aliyewaelezea polisi mtu wanayemtafuta hata kabla hajajulikana, pamoja na suti yake ya safu mbili za vifungo, ikiwa imefungwa. Mimi nadhani sifa kubwa zaidi anastahili karani wa Consolidated Edison aliyekaa na majalada ya zamani ya waliodai fidia, akalipata moja lenye maneno yaleyale ya barua za mtega mabomu. Gazeti la New York Journal-American nalo lilikuwa limemwandikia barua ya wazi, akajibu, na katika majibu akaitaja tarehe ya ajali yake. Usiku wa Januari 21, 1957, polisi walimkuta nyumbani Waterbury, alikokuwa akiishi na dada zake wawili, amevaa nguo za kulalia. F.P., alieleza, ni kifupi cha maneno ya Kiingereza “fair play”, yaani kutendewa haki.

Sasa tufike kwenye swali lenyewe. Mtu aliyeweza kusitisha mabomu kwa karibu miaka kumi kwa sababu ya uzalendo, akapanga safari kutoka Connecticut, akakwepa polisi wa jiji zima, anaitwaje hana akili timamu?

Hapa ndipo watu huchanganya maswali mawili ambayo sheria inayatenganisha kabisa. Swali la kwanza linahusu siku ya tukio: je, alipofanya jambo lile, alijua anachofanya na kwamba ni kosa? Hilo ni suala la utetezi, na huamuliwa ndani ya kesi, baada ya ushahidi kusikilizwa. Swali la pili linahusu leo: je, mtu huyu aliyesimama kizimbani anaelewa anashtakiwa nini, anajua jaji ni nani na mwendesha mashtaka anataka nini, anaweza kumweleza wakili wake mambo yakaeleweka? Hilo huamuliwa kabla ya kesi kuanza, na kama jibu ni hapana, kila kitu husimama. Mtu anaweza kuwa mzima siku ya kosa akaugua akiwa mahabusu. Anaweza pia kuwa na ustadi wa kutengeneza bomu na bado ashindwe kuzungumza na wakili wake kwa sababu anaamini wakili huyo naye yumo kwenye njama.

Msingi wake ni wa zamani katika sheria za Uingereza: kumhukumu mtu asiyefahamu kinachoendelea ni sawa na kumhukumu mtu asiyekuwepo. Mwili uko kizimbani, lakini hakuna anayejitetea. Marekani, Mahakama ya Juu ilikiweka kipimo hicho wazi mwaka 1960 katika kesi ya Dusky: mshtakiwa awe na uwezo wa kushauriana na wakili wake kwa uelewa wa kuridhisha, na aijue kesi yake kwa akili, si kwa kukariri tu.

Metesky alipelekwa hospitali ya Bellevue. Madaktari walimkuta na skizofrenia ya kuhisi kuandamwa, ugonjwa uliomfanya aone njama kila upande, na kifua kikuu chake kilikuwa kibaya hata ikadhaniwa hana muda mrefu wa kuishi. Alikuwa amefunguliwa mashtaka 47, yakiwemo ya kujaribu kuua. Aliyelisikiliza suala la akili yake ni Jaji Samuel Leibowitz, ambaye kabla ya ujaji alikuwa wakili maarufu wa utetezi. Ndiye aliyewatetea vijana weusi wa Scottsboro, waliosingiziwa ubakaji huko Alabama miaka ya 1930. Aprili 18, 1957 aliamua kwamba Metesky hafai kusimama kizimbani, akaamuru apelekwe Matteawan, hospitali ya serikali ya wahalifu wagonjwa wa akili iliyokuwa chini ya idara ya magereza.

Ugonjwa peke yake hautoshi kusimamisha kesi, na mfano wake ni Ted Kaczynski, aliyetuma na kutega mabomu nchini Marekani kati ya 1978 na 1995, akaua watu watatu na kujeruhi 23. Naye aliambiwa ana skizofrenia. Lakini daktari aliyempima kwa amri ya mahakama alimkuta anaielewa kesi yake barabara, tena alikuwa akigombana na mawakili wake wasimtangaze kuwa mwendawazimu. Akaonekana anafaa kushtakiwa, akakiri makosa Januari 1998, akafungwa maisha.

Utaratibu huu si wa Marekani pekee. Kenya na Tanzania zilirithi mzizi uleule wa sheria ya Kiingereza. Nchini Kenya, kifungu cha 162 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai kinamtaka hakimu au jaji achunguze pale anapokuwa na sababu ya kushuku akili ya mshtakiwa, na ndiyo maana habari za kesi za mauaji huko mara nyingi husema mshukiwa amepelekwa kupimwa akili Mathari, hospitali ya magonjwa ya akili jijini Nairobi, kabla ya kusomewa mashtaka. Kwa Tanzania jina ambalo wasomaji wa habari za mahakama wanalijua ni Isanga, taasisi ya wahalifu wagonjwa wa akili mjini Dodoma.

Na lile swali la kujifanya kichaa? Mshtakiwa hapimwi kwa mazungumzo ya dakika tano. Huweza kuwekwa hospitalini akiangaliwa anavyokula, anavyolala, anavyoongea na wenzake akidhani haangaliwi. Kisha, akionekana hafai, hapelekwi nyumbani. Hupewa dawa, na katika hospitali nyingi za Marekani hufundishwa kesi ni nini: nani hukaa wapi mahakamani, kukiri kosa maana yake nini, wakili yuko upande wa nani. Akipata nafuu, mashtaka yanamsubiri palepale alipoyaacha.

Hatari kubwa, kwa maoni yangu, iko upande mwingine kabisa: mtu kusahaulika humo ndani. Mwaka 1972 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikutana na kesi ya Jackson dhidi ya Indiana, ya kiziwi asiyeweza kusema aliyetuhumiwa kupora vitu na fedha vya thamani ya dola 9 hivi. Hakukuwa na matumaini ya yeye kuja kuielewa kesi, kwa hiyo angekaa ndani maisha kwa wizi wa dola 9 ambao haukuthibitishwa. Mahakama ikasema hapana: asishikiliwe zaidi ya muda unaohitajika kujua kama atapona kiasi cha kushtakiwa, na kama hatapona, aachiwe au afuatwe utaratibu unaotumika kwa mgonjwa mwingine yeyote.

Metesky alikaa Matteawan miaka 16. Kifua kikuu hakikumuua. Tiba ya akili haikumbadilisha sana, lakini hakumsumbua mtu. Dada zake walikuwa wakimtembelea, na Brussel naye alipita mara mojamoja. Mwaka 1973 alihamishiwa Creedmoor, hospitali ya kawaida ya magonjwa ya akili, baada ya mahakama kukataza watu kama yeye kuwekwa katika hospitali za magereza bila jopo la raia kuthibitisha kwamba ni hatari.

Kisha sheria ikafanya hesabu ambayo kwangu ndiyo sehemu ya kushangaza kuliko zote. Kama angehukumiwa, kifungo chake kisingezidi miaka 25. Theluthi mbili ya hiyo ni miaka 16 na miezi 8, na tangu alipokamatwa Metesky alikuwa ameshaipita. Kwa hiyo muda wa hukumu ambayo haikutolewa ulihesabiwa kana kwamba ilitolewa, mashtaka yakafikia kikomo, na Desemba 13, 1973 akatoka, akiwa na umri wa miaka 70. Waliojeruhiwa hawakupata siku ya kusimama mahakamani kueleza yaliyowapata. Wala yeye hakupata siku ya kuulizwa hadharani kuhusu boila ya Hell Gate, jambo alilokuwa akilililia tangu 1931.

Sharti pekee alilopewa lilikuwa kuhudhuria kliniki ya afya ya akili karibu na kwao. Aliwaambia waandishi wa habari kwamba mambo ya mabomu ameachana nayo, ila hasira yake kwa Consolidated Edison iko palepale. Akarudi Waterbury, akaishi huko miaka mingine 20, akafariki mwaka 1994.