Riwaya ambata ni nini, na anayeiandika hupata nini?

Mfululizo wa televisheni wa Star Trek ulipoanza kurushwa Marekani mwaka 1966, kati ya maofisa wa chombo cha anga kinachosimuliwa humo alikuwamo mwanamke mweusi aliyeitwa Uhura. Jina lilitoka kwenye neno letu, uhuru: mwigizaji Nichelle Nichols alifika kwenye usaili akiwa na kitabu chenye jina hilo mkononi. Lakini miaka ikapita bila watazamaji kuambiwa jina lake la kwanza. Alilipata mwaka 1982, tena si kwenye skrini. Mwandishi William Rotsler alikuwa amepewa kazi ya kuandika kitabu cha wasifu wa wahusika wa Star Trek, na humo, kwa ridhaa ya Nichols na ya mwanzilishi wa mfululizo Gene Roddenberry, akamwita Nyota.

Rotsler hakuwa na hisa yoyote katika Star Trek. Alikuwa mmoja wa waandishi wanaoishi kwa kuandika vitabu vya dunia zilizobuniwa na wengine. Kwa Kiswahili kazi yao haijapata jina moja lililozoeleka, basi hapa nitaziita riwaya zao riwaya ambata, kwa kuwa huambatana na filamu, mfululizo wa televisheni au mchezo wa kompyuta na kuuzwa kwa jina la kazi hiyo. Ziko zinazosimulia upya filamu yenyewe, tukio kwa tukio. Ziko pia zinazowachukua wahusika wale wale na kuwatungia kisa kipya kabisa. Bunilizi za kisayansi ndizo zenye vitabu vingi zaidi vya namna hii, nadhani kwa sababu msomaji wake akishaipenda sayari moja hatosheki na saa mbili za sinema.

Mfikirie fundi cherehani. Kitambaa kaletewa, vipimo kapewa, na siku ya kuja kuchukuliwa nguo imeshatajwa. Ila mshono ni wake, na mvaaji huujua mshono mzuri.

Kazi huanza kwa leseni. Kampuni yenye filamu humuuzia mchapishaji haki ya kutoa kitabu, naye mchapishaji humtafuta mwandishi anayeaminika kwa kasi. Mwandishi hukabidhiwa skripti, mara nyingi filamu ikiwa bado inapigwa, kwa sababu kitabu kinatakiwa kiwe madukani siku filamu inapotoka au kabla. Huwa na wiki chache tu. Na skripti ni mifupa: nani kasema nini, akiwa wapi. Haikwambii mhusika anawaza nini, mle ndani kunanuka nini, au kwa nini huyu humkwepa yule. Nyama yote hiyo huitoa mwandishi kichwani mwake, halafu muswada unarudi kwa wenye mali, wausome na kukata wasichokitaka.

Aliyeifanya kazi hii kwa muda mrefu kuliko wengi ni Alan Dean Foster, Mmarekani aliyezaliwa New York mwaka 1946. Riwaya yake ya kwanza, aliyoitunga mwenyewe tangu mwanzo, ilitoka mwaka 1972. Kuanzia 1974 akapewa vipindi vya katuni vya Star Trek avigeuze vitabu. Vipindi vilikuwa 22, kila kimoja cha nusu saa, na vikazaa vitabu 10. Katika sita vya kwanza aliweka vipindi vitatu kwa kila kitabu. Vinne vya mwisho, kila kitabu kilitoka kwenye kipindi kimoja tu. Hebu fikiri: katuni ya nusu saa, na msomaji anadai riwaya nzima. Hapo hakuna kunakili tena, hapo ni kutunga.

Kisha ikaja Alien, mwaka 1979, filamu ya kutisha ya kiumbe kinachowawinda watu ndani ya chombo cha anga. Kampuni ilikuwa inaficha sura ya kiumbe hicho, na Foster hakuonyeshwa hata picha yake. Akaandika kitabu cha kutisha bila kujua kinachotisha kinafananaje. Maelezo ya umbo la kiumbe ni machache mno katika kitabu kile, na hofu yote imebebwa na watu: wanavyosikiliza, wanavyonyamaza, wanavyohesabu nani amebaki. Kwa maoni yangu, kitabu hicho kinatosha kuonyesha kwamba kazi hii ina ufundi wake.

Isaac Asimov naye, mwandishi wa bunilizi za kisayansi mwenye jina kubwa tayari, alikubali mwaka 1966 kuandika riwaya ya filamu Fantastic Voyage, ambamo watu wanapunguzwa hadi kuwa wadogo kuliko chembe na kuingizwa mwilini mwa mgonjwa wakiwa ndani ya nyambizi. Kwenye filamu nyambizi inamezwa na chembe nyeupe ya damu, wasafiri wanatoka kupitia jicho, na mambo yanaishia hapo. Asimov akaukataa mwisho huo. Nyambizi ikibaki ndani, muda wa kupunguzwa ukiisha itarudia ukubwa wake na kumpasua mgonjwa! Kwa hiyo kwenye kitabu wasafiri wanaivuta ile chembe nyeupe iwafuate hadi nje, mabaki ya nyambizi yakiwa tumboni mwake. Kitabu kikatoka kabla ya filamu, na wapo walioamini kwamba filamu ndiyo iliyotokana nacho.

Huko Uingereza, Terrance Dicks aliandika zaidi ya vitabu 60 vya Doctor Who, mfululizo wa televisheni wa huko. Zama zile mikanda ya video haikuwa imeenea, na kipindi kikishapita kimepita. Mtoto aliyekikosa alikipata kwenye kitabu cha Dicks, na wako wengi Uingereza wanaosema kusoma walikupendea hapo.

Sasa jina na pesa. Kitabu cha kwanza cha Star Wars kilitoka mwishoni mwa 1976, miezi kadhaa kabla ya filamu kuonyeshwa Mei 1977. Jaladani kimeandikwa George Lucas, mtunzi na mwongozaji wa filamu hiyo, lakini aliyekiandika ni Foster. Yeye hakulalamika, alisema kisa kilikuwa cha Lucas na yeye alikipanua tu. Sheria ya Marekani inatambua kazi ya kuagizwa, ambapo aliyeagiza ndiye anayehesabiwa mtunzi. Mwandishi hubaki na kile mkataba unachompa: pengine malipo ya mara moja, pengine malipo ya awali pamoja na mrabaha, yaani sehemu ndogo ya bei ya kila nakala inayouzwa.

Mrabaha huo ndio ulioleta mgogoro. Kampuni ya Disney ilinunua Lucasfilm, iliyokuwa na Star Wars, mwaka 2012 na Fox, iliyokuwa na Alien, mwaka 2019. Novemba 2020 Foster, akiungwa mkono na chama cha waandishi wa bunilizi za kisayansi cha Marekani, alitangaza hadharani kwamba vitabu vyake vinaendelea kuuzwa na yeye halipwi. Alieleza kuwa yeye na mkewe ni wagonjwa na pesa hiyo wanaihitaji. Kwa maelezo ya chama, hoja ya Disney ilikuwa kwamba ilinunua haki za vitabu, si wajibu wa kulipa. Hoja hiyo ingeshinda, mkataba wa mwandishi yeyote ungekufa siku kampuni inapouzwa. Mwaka 2021 madai ya Foster yalimalizwa kwa makubaliano.

Wapo wanaozidharau riwaya hizi kwa kuwa ni za kuagizwa. Timothy Zahn alikuwa ameshinda tuzo ya Hugo, tuzo kubwa ya bunilizi za kisayansi, mwaka 1984 kwa kazi yake mwenyewe kabla ya kuandika riwaya ya Star Wars mwaka 1991. Humo alimbuni amiri wa maadui aitwaye Thrawn, anayeshinda vita kwa kuchunguza sanaa za watu anaopigana nao. Mwaka 2014 wenye Star Wars walitangaza kwamba riwaya zote za zamani si sehemu ya historia rasmi tena. Thrawn akafutwa pamoja nazo. Miaka miwili baadaye wakamrudisha kwenye katuni, na mwaka 2023 akachezwa na mtu halisi. Zahn hammiliki.

Rotsler alifariki mwaka 1997. Mwaka 2009 ilitoka filamu mpya ya Star Trek, ambamo kijana Kirk, nahodha wa baadaye wa chombo kile, anahangaika kulijua jina la kwanza la Uhura, naye Uhura hataki kumwambia, hadi karibu na mwisho Kirk analisikia likitamkwa na ofisa mwenzao Spock: Nyota. Filamu hiyo nayo ilitolewa riwaya yake, na aliyepewa skripti kuiandika alikuwa Alan Dean Foster.