Je, wajua kwa nini waranti ya mazabodi, yaani bodi kuu ya kompyuta, huweza kuanza kabla hujainunua?

Mazabodi ni mpya, mfuko wake umeuchana mwenyewe, na haijamaliza hata mwezi. Unaingia kwenye tovuti ya kampuni iliyoitengeneza, unaandika namba yake, na jibu linakuja kwamba waranti ilianza mwaka jana. Wengi hapo huamini wameuziwa mtumba. Huenda si kweli.

Kampuni haijui uliinunua lini. Inachojua ni siku mazabodi ilipotoka kiwandani, na mara nyingi siku hiyo imefichwa ndani ya namba yenyewe ya mfululizo. Kwa kampuni ya Gigabyte, tarakimu 4 zinazofuata herufi SN ni mwaka na wiki: 2214 ni wiki ya 14 ya mwaka 2022. ASUS hutumia alama ya kwanza kwa mwaka na ya pili kwa mwezi, Oktoba hadi Desemba zikiandikwa A, B na C. Baada ya hapo mazabodi hupanda meli, hulala ghalani, kisha hukaa rafuni ikisubiri mteja. Mfumo usipopewa tarehe nyingine huweza kuhesabu tangu kiwandani, na katika waranti ya miaka 3 miezi hiyo si haba.

Dawa yake ni risiti. Iwe na tarehe, jina la muuzaji na modeli, na ikiwezekana namba ya mfululizo pia. Ipige picha siku hiyohiyo, maana risiti nyingi huchapwa kwenye karatasi ya joto ambayo maandishi yake hufifia, na siku utakayoihitaji utakuta imebaki nyeupe.

Namba yenyewe iko kwenye boksi, na kwenye stika nyembamba yenye bakodi iliyobandikwa juu ya mazabodi, mara nyingi ubavuni mwa soketi ndefu ya umeme yenye pini 24. Angalia usichukue stika ya anwani ya MAC (utambulisho wa mazabodi kwenye mtandao), ile yenye herufi na tarakimu 12, ambayo mara nyingi huwa karibu na tundu la waya wa intaneti. Kama hutaki kufungua kasha la kompyuta, kwenye Linux andika sudo dmidecode -t baseboard, na kwenye PowerShell ya Windows andika Get-CimInstance Win32_BaseBoard. Ila usishangae ukijibiwa "Default string": mtengenezaji hakujaza sehemu hiyo, basi itabidi ushike bisibisi.

Kompyuta iliyouzwa ikiwa kamili, kama ya Dell au HP, ni habari nyingine. Hapo mazabodi haina waranti yake peke yake. Unaangalia ya mashine nzima, kwa namba iliyo kwenye kasha.

Na hata tovuti ikisema waranti ingali hai, bado kampuni itaikagua mazabodi. Kinachowaponza wengi ni pini za soketi ya prosesa. Kwa kompyuta za kawaida za mezani, Intel ilizitoa kwenye prosesa ikazihamishia kwenye mazabodi mwaka 2004, AMD ikafuata kwa soketi yake ya AM5 mwaka 2022, na pini moja ikipinda mara nyingi huhesabiwa kuwa kosa la mteja. Mimi huipiga picha soketi kabla ya kuweka prosesa. Kile kifuniko chake cha plastiki, ambacho kila mtu hukitupa, nakirudisha ndani ya boksi, kwa sababu mazabodi ikirudishwa bila hicho inaweza kukataliwa.