Ufadhili wa wanazuoni wakati wa Renesansi: nani alimlisha nani, na kwa nini

Mjini Florence, Italia, mwanzoni mwa karne ya 15, aliishi mtu aliyependa vitabu kuliko kitu kingine chochote. Jina lake Niccolò Niccoli. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa nguo na alimwachia urithi wa kutosha, naye akaumalizia kwenye miswada ya kale ya Kilatini na Kigiriki. Urithi ulipokauka, tajiri wa benki Cosimo de' Medici aliwaagiza makarani wake kwamba Niccoli akileta hati ya kuomba fedha, apewe kiasi alichoandika, bila maswali. Habari hii tumeipata kwa Vespasiano da Bisticci, muuza vitabu wa mji huohuo aliyewajua watu hawa kwa sura na kwa madeni yao.

Niccoli alifariki mwaka 1437, akaacha miswada ipatayo 800 na deni kubwa. Wosia wake ulitaka vitabu hivyo visifungiwe sandukuni bali visomwe na yeyote mwenye hamu ya kusoma. Cosimo alilipa madeni, na kwa kulipa akapata kauli ya mwisho kuhusu mahali vitabu vitakapokaa. Karibu nusu yake iliingia katika maktaba ya monasteri ya San Marco, ukumbi mrefu wenye nguzo ambao msanifu Michelozzo aliujenga kwa fedha za Medici na ambao ulifunguliwa mwaka 1444. Ukumbi huo bado upo.

Kisa hicho kimebeba karibu kila kitu tunachohitaji ili kuelewa ufadhili wa zama zile za Renesansi, pale Ulaya ilipoifufua elimu ya Wagiriki na Warumi wa kale. Siku hizi tukisikia neno "mfadhili" tunawaza shirika, fomu za maombi, bajeti na ripoti ya kila robo mwaka. Yaweke hayo kando. Mfadhili wa Renesansi alikuwa mtu mwenye jina na sura, na msomi alimjua kwa hasira zake na kwa ukarimu wake. Hakulipia mradi. Alimchukua mtu mzima: chakula chake, nyumba yake, vitabu vyake na usalama wake. Msomi naye alimlipa kwa kitu ambacho tajiri hawezi kukinunua sokoni, yaani jina litakalotajwa baada ya kufa.

Waitaliano wana neno moja kwa uhusiano huo, *mecenatismo*, linalotokana na Maecenas, rafiki wa mfalme Augusto wa Roma aliyempa mshairi Horace shamba kwenye vilima vya Wasabini. Wasomi wa Renesansi walikuwa wakimsoma Horace tangu utotoni. Kwa hiyo msomi alipomwita tajiri "Maecenas wangu", wote wawili walielewa kwamba hiyo ni sifa na ni ombi pia.

Sasa, hawa wasomi walikuwa nani? Tunawaita wahumanisti. Walishughulikia masomo matano hasa: sarufi, balagha (ufundi wa kusema na kuandika kwa ushawishi), historia, ushairi na falsafa ya maadili, na waliamini kwamba hazina yake imo katika maandishi ya Wagiriki na Warumi wa kale. Kazi yao ilikuwa kuitafuta miswada iliyosahauliwa kwenye monasteri, kuisahihisha, kuitafsiri, na kuandika Kilatini safi kama kile cha Cicero, msemaji mashuhuri wa Roma ya kale. Ni kazi ya miaka mingi, na haikuwa na soko. Kabla ya uchapaji, kitabu kikishatoka mkononi mwa mwandishi kilinakiliwa na yeyote aliyetaka, na mwandishi hakupata hata senti. Hata baada ya Gutenberg kuchapa Biblia yake miaka ya 1450, faida ilikwenda kwa mchapaji. Hakimiliki haikuwapo. Msomi asiye na urithi alibaki na njia chache: afundishe watoto wa mkuu, awe katibu wa barua katika ikulu au kwa Papa, apate cheo cha kanisa chenye pato, au aandike kitabu na kukitabaruku kwa mtu mwenye mfuko.

Hapo kwenye tabaruku nataka tukae kidogo. Sisi tunatabaruku kitabu au tasnifu kwa mama, kwa watoto, kwa marehemu babu, na hatutarajii chochote. Tabaruku ya karne ya 15 na 16 ilikuwa barua kamili, mara nyingine kurasa kadhaa, iliyotangulia kitabu na kumsifu mtu mmoja kwa hekima na ukarimu wake. Desturi ilimtaka aliyesifiwa ajibu kwa zawadi. Hakuna mkataba uliosema hivyo, lakini mkono mtupu haulambwi, na kila mmoja alilijua hilo.

Mfano mzuri ni Erasmus wa Rotterdam, ambaye hakuwa na mali yoyote ya kwao. Mwanzoni mwa mwaka 1500 alikuwa akitoka Uingereza, ambako alikuwa mgeni wa mwanafunzi wake wa zamani, Lord Mountjoy. Alikuwa na karibu pauni 20, akiba yake yote. Bandarini Dover maofisa wa forodha wakamnyang'anya karibu zote, kwa sababu sheria ilikataza kutoa dhahabu na fedha nje ya nchi. Marafiki zake walikuwa wamemhakikishia kwamba hakuna shida. Akafika Paris mikono mitupu. Wengi walitegemea angeandika matusi dhidi ya Waingereza. Badala yake alikaa chini, akakusanya methali 800 na kitu za Kigiriki na Kilatini, akazieleza moja moja, akachapa kitabu hicho mwaka huohuo wa 1500 na kukitabaruku kwa Mountjoy yuleyule. Kilipanuka toleo baada ya toleo hadi kufikisha maelfu ya methali, na Ulaya nzima ya wasomi ikawa inachota humo. Kwetu sisi tunaozipenda methali, inagusa kujua kwamba mkusanyo mashuhuri kuliko yote ya Ulaya ulianzia kwenye njaa ya mtu aliyeporwa forodhani.

Mwaka huo haujaisha, Erasmus alimwandikia rafiki yake Jacob Batt barua inayoonyesha ufadhili ukiwa uchi. Batt alikuwa mwalimu katika nyumba ya Anna van Borselen, mama tajiri wa Veere. Erasmus alimwelekeza namna ya kumwomba mama huyo fedha: amweleze kwamba wanatheolojia anaowalisha wanahubiri mambo ya kawaida na wanasikika katika kanisa moja au mawili tu, lakini vitabu vya Erasmus vitasomwa na kila taifa. Wapo wanaoisoma barua hiyo na kumwona Erasmus ombaomba mwenye majivuno. Mimi naona mtu aliyejua thamani halisi ya anachokitoa, akalazimika kukinadi kupitia mdomo wa mtu mwingine.

Alikuja kupata utulivu mwaka 1512, pale Askofu Mkuu wa Canterbury, William Warham, alipompa parokia ya Aldington huko Kent. Erasmus hakujua Kiingereza, hivyo hakuweza kuwahudumia waumini wala kuwaungamisha. Akaiachia, na Warham akampangia pensheni ya pauni 20 kwa mwaka kutokana na pato la parokia hiyo. Miaka minne baadaye, 1516, alitoa Agano Jipya la Kigiriki likiwa limechapwa, akalitabaruku kwa Papa Leo wa 10. Kwa hiyo tukiorodhesha wafadhili wa kazi ile kubwa, tusiwasahau wakulima wa Aldington. Hakuna aliyewaandikia tabaruku.

Turudi Florence, kwa sababu ndiko ufadhili wa nyumba na shamba unakoonekana kwa uzuri wake wote. Marsilio Ficino alikuwa mtoto wa daktari wa Cosimo. Cosimo aliona kipaji cha kijana, akataka asome Kigiriki, kisha mwaka 1462 akamkabidhi mswada wa kazi zote za Plato, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, ili azitafsiri kwa Kilatini. Wakati ule Plato alikuwa karibu jina tupu kwa wasomaji wa Ulaya Magharibi. Vitabu vyake vichache tu vilipatikana kwa lugha waliyoijua. Mwaka uliofuata Ficino akapewa nyumba Careggi, nje kidogo ya mji, jirani na nyumba ya shamba ya Cosimo mwenyewe. Ipo barua ya mzee huyo akimwambia kwamba amefika Careggi jana, si kulima shamba bali kuilima roho yake, basi Marsilio aje upesi, aje na kitabu cha Plato alichokiahidi, na asisahau kinubi.

Hata hivyo mfadhili ndiye aliyepanga foleni. Mtawa mmoja alipoleta kutoka Makedonia maandishi yaliyosemekana ni ya Hermes, mwenye hekima wa Misri ya kale, Cosimo alimwamuru Ficino amweke Plato kando kwanza. Mzee alikuwa mgonjwa na alitaka kumsoma Hermes kabla hajafa. Ficino alitii, akamaliza ndani ya miezi michache mwaka 1463, ndipo akarudi kwa Plato. Cosimo alifariki Agosti 1464 akiwa amesomewa mazungumzo kadhaa ya Plato kwa Kilatini cha Ficino. Tafsiri nzima ilichapwa mwaka 1484, miaka 20 baadaye, kwa gharama za kijana wa ukoo mwingine, Filippo Valori, lakini tabaruku ilikwenda kwa Lorenzo de' Medici, mjukuu wa Cosimo.

Kwa nini mwenye benki ahangaike hivyo? Kupenda elimu kulikuwapo, sina shaka. Mtu hasomewi Plato akiwa kitandani kwa kufa ili kuwafurahisha majirani. Lakini palikuwa na mengine. Kanisa lilihesabu riba kuwa dhambi, na utajiri wa benki haukukaa mbali na riba. Vespasiano anasimulia kwamba Cosimo, akisumbuliwa na dhamiri, alimwomba ushauri Papa Eugenio wa 4, akaambiwa atoe florini 10,000, sarafu za dhahabu za Florence, kwa ujenzi wa San Marco. Alitoa zaidi ya 40,000. Tena Medici hawakuwa wafalme. Florence ilikuwa jamhuri, na familia iliyotawala bila taji ilihitaji heshima ya aina nyingine, heshima ambayo wasomi waliijua namna ya kuitengeneza.

Aliyelelewa hivyo aliishi kwa hofu pia. Angelo Poliziano, yatima wa Montepulciano, alijipatia nafasi katika nyumba ya Lorenzo kwa kutafsiri kwa Kilatini sehemu ya Iliadi, utenzi wa Kigiriki wa Homer, na akakabidhiwa kumfundisha mwanawe Piero. Mwaka 1479 aligombana na mke wa Lorenzo, Clarice Orsini, aliyetaka watoto wasome Zaburi badala ya waandishi wapagani. Clarice alimfukuza kutoka nyumba ya shamba ya Cafaggiolo. Mmoja wa wataalamu bora wa Kigiriki barani alijikuta nje ya mlango kwa ugomvi wa nyumbani. Lorenzo alimrudisha mwaka uliofuata na kumpatia kiti cha ualimu chuoni, lakini kwa nyumba ile, kazi na makazi vilikuwa kitu kimoja: ukipoteza kimoja, cha pili kimekwenda.

Upande wa pili wa shilingi ni ulinzi, na kwangu huu ndio mchango mkubwa kuliko fedha. Mwaka 1440 Lorenzo Valla alikuwa akimtumikia Alfonso wa Aragon, aliyekuwa akipigania ufalme wa Napoli huku Papa Eugenio akimpinga. Valla aliandika risala dhidi ya hati mashuhuri iliyodai kwamba mfalme Konstantino, katika karne ya 4, alimpa Papa mamlaka juu ya magharibi yote ya dola ya Roma. Hakupiga kelele za siasa tu. Aliikagua lugha. Hati inawataja "maliwali wa Kiajemi" kama maofisa wa Roma. Lini Warumi wa Konstantino walisema hivyo? Inautaja mji wa Konstantinopoli kana kwamba umeshajengwa na una patriaki wake, yaani askofu mkuu. Kilatini chenyewe ni kibovu mno kwa mwandishi wa ikulu ya karne ile. Hati ilikuwa ya kughushi, na msomi mmoja akaionyesha kwa sarufi.

Mwaka 1444 Valla aliburutwa mbele ya mahakama ya kanisa mjini Napoli kwa tuhuma za uzushi, na mfalme akaingilia kati kumwokoa. Bila mfadhili huyo pengine tusingekuwa na hadithi ya kusimulia. Lakini tuseme yote: ukweli ule ulimfaa Alfonso katika vita vyake. Sijui kisa cha Valla kuichambua kwa ukali huohuo hati iliyompa Alfonso haki zake.

Jambo linaloshangaza zaidi ni mwisho wake. Papa Nikolaus wa 5, ambaye ujanani alikuwa mwanafunzi maskini akifundisha watoto wa matajiri wa Florence ili apate kula, alimwita Valla Roma mwaka 1448 na kumpa kazi. Valla alipomaliza kumtafsiri mwanahistoria Thucydides, Papa alimpa sarafu 500 za dhahabu kwa mkono wake mwenyewe. Vitabu ambavyo Nikolaus alivikusanya ndivyo vilivyokuja kuwa msingi wa Maktaba ya Vatikani.

Maktaba hiyo ilipewa mkuu wake mwaka 1475: Bartolomeo Sacchi, anayejulikana kama Platina. Papa aliyetangulia, Paulo wa 2, alikuwa amefuta nafasi za waandishi wa ofisi yake, Platina akiwamo, na alipolalamika akamtia gerezani Castel Sant'Angelo. Akamfunga tena mwaka 1468. Platina akaja kuandika kitabu cha maisha ya mapapa, na ndani yake Paulo anaonekana adui wa elimu, picha iliyomfuata kwa karne nyingi. Papa mpya, Sixtus wa 4, alimpa Platina ufunguo wa maktaba.

Mchoraji Melozzo da Forlì aliichora siku hiyo ukutani, na mchoro wake bado uko Vatikani. Sixtus ameketi kitini, mpwa wake kardinali amesimama mbele yake, na Platina amepiga magoti kati yao. Hamwangalii mtazamaji. Kidole chake kinaelekeza chini, kwenye beti za Kilatini zinazotaja mitaa, kuta, madaraja na maktaba ambavyo Papa ameipa Roma. Beti hizo amezitunga yeye.